Rebecca Cheptegei alikuwa mkimbiaji: uzi kuhusu kazi yake ya marathoni

Ndugu zangu, salaam.

Mtu akitafuta jina la Rebecca Cheptegei mtandaoni leo, karibu kila atakachokipata kinahusu siku tano za mwanzo wa Septemba 2024: petroli, moto, hospitali ya Eldoret, kisha mazishi ya Bukwo. Hayo yalitokea na lazima yaendelee kusemwa, nami nitayagusa mahali pake. Linaloniuma ni kwamba mbio zake huachiwa sentensi moja ya mwisho, ya kwamba alishiriki Olimpiki ya Paris akamaliza wa 44, basi. Mwanamke aliyetwaa ubingwa wa dunia wa mbio za milimani, tena akawa miongoni mwa wanawake wenye kasi kubwa kabisa waliowahi kuiwakilisha Uganda katika marathoni, amebaki kujulikana kwa namna alivyouawa. Nimeanzisha uzi huu ili nieleze alichokifanya kwa miguu yake, na kwa nini kilikuwa kikubwa kuliko wengi wetu tulivyotambua alipokuwa hai.

Rebecca alizaliwa Februari 1991, na kwao ni wilaya ya Bukwo, iliyo mpakani kabisa na Kenya. Kwa wasiowahi kufika huko, eneo hilo la Sebei lina wilaya tatu, yaani Kapchorwa, Kween na Bukwo, zilizopangana ubavuni mwa Mlima Elgon upande wa kaskazini, na kilele cha mlima huo kina mita 4,321 juu ya usawa wa bahari. Kila mwandishi wa habari anayepanda huko hurudi na maelezo yale yale kuhusu hewa hafifu inayoulazimisha mwili kutengeneza chembe nyekundu nyingi za damu, na maelezo hayo ni sahihi, lakini hayatoshi. Miinuko ipo sehemu nyingi za dunia ambazo hazijawahi kutoa mkimbiaji hata mmoja. Mimi naona tuitazame zaidi ardhi yenyewe. Sebei ni nchi isiyo na tambarare ya maana: anayetoka nyumbani asubuhi kwenda mazoezini anaanza kwa kupanda au kwa kushuka, na akirudi ni kinyume chake, kwa hiyo mapafu yake yanajengwa na mpando huku mapaja yake yakijengwa na mteremko. Ni kweli kwamba hakuna sheria inayosema bingwa lazima atoke Elgon, kwa maana Dorcus Inzikuru, aliyeshinda ubingwa wa dunia wa mita 3,000 kuruka viunzi na maji mjini Helsinki mwaka 2005, alitoka Arua, upande mwingine kabisa wa nchi. Hata hivyo, kwa mbio ndefu za barabarani, historia ya wanawake wetu inapita Sebei, tena inapita milimani kabla ya kufika barabarani.

Ndiyo maana napenda kuanza hesabu ya kazi ya Rebecca na mwaka 2022, ambao kwa maoni yangu ni mmoja wa miaka bora kabisa ambayo mwanariadha wa kike wa Uganda amewahi kuwa nayo nje ya uwanja wa mviringo, ingawa magazeti yetu yaliupitia haraka mno. Katika mwaka huo alishinda marathoni ya Padova, Italia, kwa muda wa saa 2:31:21. Novemba akaenda Chiang Mai, Thailand, kwenye Mashindano ya Dunia ya Mbio za Milimani na Njia za Porini, ambayo yalikuwa yameahirishwa kutoka mwaka uliotangulia kwa sababu ya janga la korona, akatwaa medali ya dhahabu katika mbio za kupanda na kushuka. Desemba, mwezi uliofuata, alisimama kwenye mstari wa kuanzia marathoni ya Abu Dhabi akamaliza kwa saa 2:22:47.

Tuitafakari tarakimu hiyo ya mwisho, kwa sababu ndiyo kiini cha kazi yake. Kati ya Padova na Abu Dhabi, ndani ya mwaka mmoja, muda wake ulipungua kwa dakika 8 na sekunde 34. Marathoni ni kilomita 42.195, na kuikimbia kwa saa 2:22:47 maana yake ni kupita kila kilomita kwa takriban dakika 3 na sekunde 23, bila kupumzika, zaidi ya mara arobaini mfululizo. Kijana mwenye afya njema asiyefanya mazoezi angeweza pengine kukimbia mita mia chache kwa mwendo huo kabla ya kusimama akishika kiuno. Miaka miwili na ushee kabla ya hapo, Februari 2020, Juliet Chekwel alikuwa ameshinda marathoni ya Seville, Uhispania, kwa saa 2:23:13, muda ambao sisi tuliofuatilia mbio hizi tuliushangilia sana kwa kuwa hakuna mwanamke wa Uganda aliyekuwa ameukaribia. Rebecca aliupita kwa sekunde 26. Alikuwa na umri wa miaka 31, mama wa mabinti wawili, na wiki chache tu zilizotangulia alikuwa ameushuka mteremko wa Chiang Mai kwa kasi ya kumshinda kila mwanamke aliyekuwapo.

Kuhusu mteremko huo nitasema zaidi, kwa sababu watu wengi hudhani mbio za milimani ni mchezo wa kando kwa waliokosa nafasi ya kukimbia uwanjani. Katika mbio za kupanda na kushuka, mpando huamua nani ataongoza, lakini mteremko ndio huamua nani atashinda, kwa maana mkimbiaji anaposhuka, misuli ya mbele ya mapaja hufanya kazi ya kuzuia uzito wote wa mwili usianguke mbele, na kazi hiyo ya kuzuia huichana misuli kuliko kazi ya kusukuma. Asiyezoea huwaka mapaja ndani ya dakika chache na miguu ikaanza kutetemeka. Aliyezoea hubaki na miguu mizima. Sasa mkimbiaji wa marathoni anapofika kilomita ya 35, tatizo lake kubwa mara nyingi haliko kwenye pumzi, liko kwenye mapaja hayo hayo yaliyochoka kupokea mshtuko wa lami. Ni wazi, basi, kwa nini mwanamke aliyelelewa na mteremko wa Elgon anaweza kuingia marathoni akiwa amebeba akiba ambayo mwenzake aliyefanya mazoezi kwenye tambarare hana.

Naendelea, maana wapo waliokwisha kuuliza kuhusu nafasi ya 44, na mmoja ameandika kwamba nafasi hiyo inaonyesha hakuwa wa kiwango cha dunia. Naomba tuichunguze hoja hiyo kwa utulivu, kwa kuwa naamini haina msingi.

Kwanza, kufika tu. Kiwango cha kufuzu marathoni ya wanawake kwa Olimpiki ya Paris kilikuwa saa 2:26:50, na kila nchi iliruhusiwa wakimbiaji watatu tu. Muda wa Rebecca wa Abu Dhabi ulikuwa chini ya kiwango hicho kwa dakika 4 na sekunde 3. Kabla ya Paris alikuwa tayari ameiwakilisha nchi katika Ubingwa wa Dunia wa Riadha mjini Budapest, Agosti 2023, akamaliza wa 14. Wa 14 duniani, katika joto la Agosti la Hungaria, kwenye mbio ambazo mshindi, Amane Beriso Shankule wa Ethiopia, alitumia saa 2:24:23. Mbio za ubingwa hazina viongoza kasi wa kulipwa, kwa hiyo muda huwa wa polepole na kila mmoja huumia kwa namna yake, na anayemaliza katika kumi na tano za kwanza amewaacha nyuma wanawake wenye rekodi nzuri kuliko yake. Sikumbuki kuona jina lake kwenye ukurasa wa mbele wa gazeti lolote wiki hiyo. Wiki ile ilikuwa ya Joshua Cheptegei, aliyeshinda mita 10,000, na ya Victor Kiplangat, aliyeshinda marathoni ya wanaume, na walistahili kila neno waliloandikiwa. Ila nafasi ya 14 ya Rebecca, sajenti wa UPDF, yaani jeshi la Uganda, nayo ilistahili angalau aya moja yenye picha.

Pili, njia ya Paris. Waandalizi waliichora kufuata safari ya wanawake wa Paris walioandamana hadi Versailles mwaka 1789 kumdai mfalme mkate, na kwa heshima ya wanawake hao marathoni ya kike iliwekwa siku ya mwisho ya michezo, tarehe 11 Agosti 2024, nafasi ambayo tangu zamani ilikuwa ya wanaume. Ilianza kwenye ukumbi wa jiji, ikaenda Versailles, ikarudi hadi Invalides. Jumla ya mipando ilikuwa mita 436, na mahali pakali kuliko pote mwinuko ulifika asilimia 13.5, tena baada ya nusu ya safari, wakati miguu imeshachoka. Hakujawahi kuwa na marathoni ya Olimpiki yenye ukatili kama huo katika miaka ya karibuni. Sifan Hassan wa Uholanzi alishinda kwa saa 2:22:55, na muda huo ukawa rekodi ya Olimpiki. Angalieni hapo: muda bora wa Rebecca, ule wa Abu Dhabi, unaushinda muda wa dhahabu ya Paris kwa sekunde 8. Hilo halimaanishi kwamba angemshinda Hassan, na nisingependa mtu aninukuu hivyo, kwa sababu Abu Dhabi ni tambarare ya kando ya bahari. Linamaanisha kwamba kumpima mkimbiaji kwa siku moja na kwenye njia moja ni kumdhulumu. Peres Jepchirchir wa Kenya, aliyeingia Paris akiwa bingwa mtetezi wa Olimpiki, alimaliza wa 15, na hakuna mtu mwenye akili timamu atakayesema Jepchirchir si wa kiwango cha dunia.

Rebecca alimaliza kwa saa 2:32:14. Ukilinganisha na Abu Dhabi ni dakika 9 na sekunde 27 zaidi, na bila shaka hakufurahia, kwa sababu bingwa wa dunia wa kupanda na kushuka angetarajia njia kama ile imfae. Siku zingine mwili hukataa. Wapo walioacha njiani siku ile, naye hakuacha, akavuka mstari wa Invalides akiwa mwanamke wa Olimpiki.

Ndugu mmoja ameuliza kwa nini mwanariadha wa Uganda aliishi Endebess, kaunti ya Trans Nzoia, Kenya, na kama hiyo haikuwa dalili kwamba aliikimbia nchi yake. Swali hili linajibika kwa ramani. Bukwo na Endebess zimetenganishwa na mpaka wa Suam tu. Watu wa pande zote mbili ni wa damu moja, kwani Wasebei wa huku na Wasabaot wa kule husikilizana lugha, huoana, na wakikutana na mgeni sokoni hubadilisha wakaongea Kiswahili. Kwa miaka mingi barabara ya kutoka Kapchorwa hadi Suam ilikuwa ya udongo, na mvua ikinyesha ilikuwa rahisi kwa mtu wa Bukwo kupitia Kitale kuliko kushuka kwenda Mbale. Lami imekuja juzi tu. Zaidi ya hayo, kambi kubwa za mazoezi, makocha wenye uzoefu, vikundi vya wakimbiaji wa kike wenye kasi ya kukuvuta, na mawakala wanaotafuta watu wa kuwapeleka Ulaya wote wako upande ule, Kitale, Eldoret na Iten. Wazazi wake walieleza kwamba alinunua ardhi Trans Nzoia na kujenga nyumba ili awe karibu na vituo hivyo vya mazoezi. Alifanya uamuzi wa kikazi, kama fundi anavyohamia mji wenye kazi. Kituo cha Teryet, huko Sebei kwetu, ambacho kimezungumzwa kwa miaka mingi kuwa kitakuwa makao ya taifa ya mazoezi ya miinuko, kingekuwa kimekamilika mapema na kupokea wanawake wa marathoni kwa wingi, pengine wengi wao wangebaki kufanya mazoezi nyumbani.

Kuhusu fedha na ajira, kwa kuwa vijana wengi humu wanadhani marathoni ni utajiri wa haraka, mambo yako hivi. Mwili wa mkimbiaji wa marathoni unavumilia mbio mbili, tatu kwa mwaka, zisizidi hapo sana, kwa sababu kila marathoni hudai miezi ya maandalizi na wiki kadhaa za kupona. Maana yake ni kwamba kipato chote cha mwaka kinategemea asubuhi mbili au tatu. Ukiamka na homa asubuhi mojawapo, umepoteza nusu ya mwaka. Zawadi za mbio za kati, kama zile za miji ya Italia, si za kumtajirisha mtu, na zinakatwa kodi kule kule, wakala naye anachukua sehemu yake, kisha kinachobaki kinarudi nyumbani kwenye ada za shule na wazee wanaomtegemea. Kwa mwanamke ongeza mimba na malezi, ambayo huondoa mwaka mzima au zaidi katika kazi ambayo miaka yake bora haizidi kumi. Ndiyo maana ajira ya jeshi, polisi au magereza imekuwa uti wa mgongo wa riadha ya Uganda: inampa mkimbiaji mshahara wa kila mwezi na ruhusa ya kufanya mazoezi, na mwanamke asiye na udhamini wa kampuni ya viatu anaweza kuendelea kukimbia hadi afike umri wa kukomaa. Rebecca alikuwa sajenti wa UPDF, na bila mshahara huo sidhani kama tungewahi kusikia habari za Abu Dhabi.

Hapo hapo kuna pengo ambalo naomba viongozi wetu wa michezo walitazame. Serikali huwapa wanariadha walioleta medali kutoka mashindano makubwa posho ya kila mwezi, na huo ni utaratibu mzuri. Lakini utaratibu unaotazama medali za Olimpiki na za uwanjani humwacha nje mwanamke aliyemaliza wa 14 duniani, na haueleweki vizuri unamfanyia nini bingwa wa dunia wa mbio za milimani. Mkimbiaji wa kiwango hicho ndiye hasa anayehitaji msaada, kwa sababu bado anapanda, na gharama zake za kupanda ni kubwa kuliko za yule aliyekwisha kufika.

Sasa nifike kwenye Septemba, kwa kifupi. Jumapili tarehe 1 Septemba 2024, siku 21 baada ya Paris, Rebecca alishambuliwa nyumbani kwake Endebess na mwanaume aliyewahi kuwa mwenzi wake, akamwagiwa petroli na kuchomwa moto. Alifariki tarehe 5 Septemba katika hospitali ya rufaa ya Moi, Eldoret, akiwa na miaka 33. Taarifa zilizotolewa na viongozi wa eneo hilo zilisema wawili hao walikuwa wakigombania ardhi yenye nyumba ile, na familia ilisema malalamiko yalikuwa yamepelekwa polisi zaidi ya mara moja kabla ya siku hiyo. Mshambuliaji naye alikufa siku chache baadaye kwa majeraha ya moto ule ule, kwa hiyo hakufikishwa mahakamani. Rebecca alizikwa Bukwo tarehe 14 Septemba kwa heshima za kijeshi. Meya wa Paris, Anne Hidalgo, alitangaza kwamba jiji lake lingelipa eneo mojawapo la michezo jina la Rebecca.

Nimeandika hayo kwa sababu yanahusiana moja kwa moja na kazi yake, si kwa kuongeza machozi. Agnes Tirop wa Kenya aliuawa Iten mwezi Oktoba 2021, wiki chache baada ya kuweka rekodi ya dunia ya kilomita 10 za barabarani katika mbio za wanawake pekee, na Damaris Mutua aliuawa katika mji huo huo Aprili 2022. Wote watatu walikuwa wanawake waliofaulu kwa jasho lao, katika nchi za mlimani ambako mwanariadha wa kike akianza kupata fedha za kigeni hununua ardhi na kujenga, na mara nyingi ardhi hiyo huandikishwa au husimamiwa na mwanaume aliye karibu naye, awe mume, mpenzi au anayejiita kocha. Yeye yuko safarini au mazoezini, hati ziko kwa mwingine. Baada ya kifo cha Agnes, wanariadha wenzake walianzisha shirika la Tirop's Angels kuwasaidia wanawake wanaopitia ukatili. Upande wetu wa mpaka, shirikisho la riadha na majeshi yanayowaajiri wakimbiaji hawa wangeweza kufanya jambo la wazi na la gharama ndogo: kumpatia kila mwanariadha wa kike wakili wa kumwandikia mali kwa jina lake mwenyewe kabla hajajenga chochote, na ofisa mwanamke wa kumpigia simu anapotishwa, awe yuko Bukwo au Trans Nzoia. Mwanajeshi ni mwanajeshi hata akivuka mpaka kwenda mazoezini.

Mchangiaji mwingine anasema kwamba baada ya Rebecca marathoni ya kike ya Uganda imekufa. Hapana, dada yetu Stella Chesang yupo, na kazi yake inathibitisha yale niliyoandika kuhusu milima. Mwaka 2015, akiwa na miaka 18, alitwaa ubingwa wa dunia wa mbio za milimani huko Betws-y-Coed, Wales. Mwaka 2018 alishinda dhahabu ya mita 10,000 katika Michezo ya Jumuiya ya Madola, Gold Coast, Australia, kwa dakika 31:45.30, na Mganda mwenzake Mercyline Chelangat akapata shaba katika mbio hizo hizo. Kisha akahamia barabarani. Katika njia ile ile ya Paris iliyomtesa Rebecca, Stella alimaliza wa 8, na sioni ajabu kwamba msichana aliyeanza na milima ya Wales alifanikiwa katika marathoni yenye mipando mikali namna ile. Tarehe 1 Desemba 2024 alimaliza wa pili Valencia, Uhispania, kwa saa 2:18:26, rekodi mpya ya taifa. Fikirini mwendo wa miaka hiyo michache: Februari 2020 Chekwel 2:23:13, Desemba 2022 Rebecca 2:22:47, Desemba 2024 Stella chini ya 2:19. Wanawake wa nchi moja ndogo, kwa sehemu kubwa kutoka mlima mmoja, wamepunguza karibu dakika 5 katika muda usiofika miaka mitano, bila kiwanja cha kisasa cha mazoezi katika wilaya zao.

Watoto wa kike wa Bukwo wanalijua jina la Peruth Chemutai, na ni haki yao, kwa kuwa ametoka kwao na ndiye mwanamke wa kwanza wa Uganda kupata dhahabu ya Olimpiki, Tokyo, kwa kuruka viunzi na maji, kisha akaongeza medali ya fedha ya Paris. Ningependa walijue la Rebecca kwa namna hiyo hiyo: bingwa wa Chiang Mai, mshindi wa Padova, wa 14 Budapest, saa 2:22:47. Mwalimu wa michezo akitaka kumweleza mtoto mwenye pumzi nzuri lakini asiye na mbio kali za mwisho kwamba bado ana nafasi, kazi ya Rebecca ni mfano bora kuliko wa bingwa aliyeng'aa akiwa na miaka 19, kwa sababu alifika kileleni baada ya kutimiza miaka 30 na baada ya kuzaa.

Nimeandika yale ninayoyajua kwa hakika. Sehemu ambayo bado ina mapengo ni miaka yake ya mwanzo: mbio za nyika za shule na za jeshi, mashindano ya mita 10,000 ya ndani ya nchi, na safari zake za kwanza za nje kabla ya 2022. Humu wapo waliokuwa makocha wa wilaya, waamuzi wa mbio, na wanajeshi waliokimbia naye katika timu ya UPDF. Naomba kila mwenye matokeo yaliyoandikwa, cheti, au picha ya ubao wa muda ayaweke hapa chini pamoja na mwaka na mahali, ili tuyapange kwa utaratibu na kuyapeleka kwa shirikisho na kwa shule za Bukwo. Tafadhali tusichanganye jina lake na la Joshua, kwa maana majina yanafanana na nimeshaona matokeo ya mmoja yakiandikwa kwa mwingine.